Njia Iliyopita Sebuleni kwa Mbonea

Nipisheni nipite.

— Pita!

Nipisheni, nimebeba.

— Umebeba nini?

Nimebeba hadithi, na hadithi yenyewe ina kwato nne.

— Pita nayo!

Basi kunjeni miguu. Na wewe uliyekaa katikati, sogea kidogo, maana hadithi hii haimpendi mtu anayekaa katikati ya njia. Sababu mtaiona wenyewe.

"Toa punda wako nyumbani kwangu, shemeji."

"Toa nyumba yako njiani kwangu, shemeji."

"Punda ana miguu. Mwambie arudi nyuma."

"Ningekuwa naweza kumwambia, shemeji, ningekuwa mtu mwingine kabisa."

Hivyo ndivyo walivyokuwa wakigombana, hapo kale, kale ile ambayo milima ilikuwa bado inachagua pa kukaa. Mwanamke alikuwa Namkunda, mfinyanzi, mjane. Mwanamume alikuwa Mbonea, mwenye nyumba mpya. Marehemu mume wa Namkunda na huyu Mbonea walikuwa wa ukoo mmoja, ndiyo maana waliitana shemeji, hata pale walipotamani kuitana majina mengine.

Na katikati yao alikuwa punda. Kichwa chake kilikuwa ndani ya nyumba, mkia wake ulikuwa nje. Punda huyo aliitwa Sikusikii. Ukimwambia nenda, anasimama. Ukimwambia simama, anakwenda. Kitu kimoja tu alikijua duniani na hakikosei: njia. Njia aliyofundishwa akiwa mdogo ndiyo aliyoifuata mpaka masikio yake yakaota mvi.

Sasa niwaambie habari za njia yenyewe, maana bila njia hakuna ugomvi.

Ilianzia juu kabisa mlimani, kwenye shimo la udongo wa kufinyangia. Ikashuka, ikapita vijiji viwili, ikapanda kilima, ikakishuka, ikapita mahali tambarare, ikashuka tena, mpaka bondeni kwenye gulio. Waliipita wachukuzi wa chumvi, wakitoka nchi kavu, ng'ambo ya mlima, na mizigo kichwani. Waliipita wafua chuma, wakishuka na majembe mabegani. Waliipita wanawake wa vyungu, mama na bibi na mama wa bibi. Miguu juu ya miguu, miaka juu ya miaka. Pengine njia ilikuwa imezama ardhini mpaka magotini. Pengine mpaka kiunoni. Kuna mahali mtu mfupi akipita, aliye shambani anaona mzigo tu unatembea peke yake.

Na pale tambarare, miguu ilikuwa imeishindilia ardhi mpaka ikawa ngumu kama jiwe la kusagia. Jani haliotei. Mvua hailowanishi. Ukidondosha yai, unapoteza yai.

Basi Mbonea alitaka kujenga nyumba. Kila anayejenga anajua kazi ya sakafu. Unamwaga udongo, unanyunyiza maji, unashindilia kwa gogo asubuhi, unashindilia jioni, siku tatu mgongo hauna mwenyewe. Mbonea alikuwa mtu mzuri, sitamsengenya, lakini mgongo wake aliuhurumia kuliko kitu chochote. Akazunguka akitafuta kiwanja. Akafika pale tambarare. Akapiga mguu chini. Ti. Akapiga tena. Ti. Akapiga mara ya tatu. Ti.

"Sakafu hii hapa," akamwambia mkewe, Nakijwa. "Imeshapigwa. Kilichobaki ni kuweka kuta."

Nakijwa akamuuliza kama haoni kwamba ile ni njia. Mbonea akamjibu kwamba watu wana akili, wataizunguka nyumba.

Namkunda wakati huo alikuwa juu kwenye shimo la udongo, mwezi mzima, akifinyanga na kuchoma. Aliposhuka na punda na vyungu, akakuta nyumba. Ina paa, ina kuta, ina mlango wa mbele na mlango wa uani, kama nyumba zote za nchi ile. Mlango wa mbele ukitazama njia inayotoka mlimani. Mlango wa uani ukitazama njia inayokwenda gulioni. Mbonea hakuwa na nia mbaya. Alinyoosha nyumba kufuata sakafu, na sakafu ilikuwa njia.

Siku ile Namkunda alimvuta punda kwa mkia mpaka akatoka. Kisha akazunguka. Lakini kuzunguka kulikuwaje? Upande mmoja kulikuwa na bonde la matope linalomeza punda mzima. Upande mwingine kulikuwa na jabali, na juu ya jabali yanatiririka maji, na juu ya maji kuna ukoko wa kijani unaoteleza kama bamia. Sikusikii akateleza mara moja, vyungu vitatu. Akateleza mara ya pili, vyungu viwili. Akateleza mara ya tatu, na safari hii Namkunda ndiye aliyevunja, kwa kukalia. Walitoka na vyungu kumi na viwili. Gulioni vilifika vitano.

Vyungu vilikuwa ndiyo shamba lake, ndiyo ng'ombe wake, ndiyo mume wake aliyebaki. Na mvua zilikuwa zimebakiza magulio sita tu. Mvua zikianza, udongo haukauki, tanuri haliwaki, mfinyanzi anakaa nyumbani miezi mitatu anakula alichouza. Vyungu vitano havimfikishi mtu popote. Aliketi pale gulioni akavitazama vile vitano, navyo vikamtazama.

Akaenda kushtaki.

Jumbe wa nchi ile aliitwa Kanyika. Msidhani alikuwa mwenye hekima. Alikuwa na tumbo, na tumbo lile lilikuwa limekaa barazani miaka mingi kuliko yeye. Kesi za asubuhi alizisikiliza vizuri. Kesi za karibu na chakula cha mchana alizisikiliza kwa pua. Na kesi ya Namkunda ilifika wakati makande yanachemka jikoni.

Namkunda akasema ile ni njia ya kale, na ana mashahidi watatu. Jumbe akauliza wako wapi. Akasema shahidi wa kwanza ni mizambarau. Wapita njia walikula zambarau wakitembea, wakatema kokwa huku na huku, ndiyo maana mizambarau imejipanga mistari miwili kutoka mlimani mpaka bondeni.

"Hata ndege hula zambarau," akasema Mbonea.

"Ndege wakapanga mistari?" akauliza jumbe.

"Ndege wa kwetu wana adabu."

Namkunda akamtaja shahidi wa pili: vigae. Pembeni mwa nyumba ya Mbonea ukichimba kiganja kimoja unakuta vigae vya vyungu vya mama yake. Ukichimba viwili, vya bibi yake, maana anaijua mistari ambayo bibi alichora kwa kucha. Ukichimba vitatu, unakuta vya watu ambao hata bibi hakuwajua. Mbonea akasema vigae vile ni vya mke wake, Nakijwa anavunja sana vyombo. Nakijwa alikuwepo. Alimtazama mumewe, akanyamaza kwa namna ambayo wanaume waliooa walisogea kidogo mbali na Mbonea.

Akamtaja shahidi wa tatu: njia yenyewe, ilivyozama mpaka kiunoni. Mbonea akasema ni maji ya mvua. Namkunda akamuuliza ni maji gani yanayopanda kilima upande mmoja na kushuka upande wa pili. Mbonea akafikiri.

"Ni maji yenye bidii," akasema.

Hapo harufu ya makande ikafika barazani. Jumbe Kanyika akanyanyuka na fimbo yake.

"Nimesikia. Nyumba isibomolewe. Njia isifungwe. Nendeni salama."

Akaingia ndani kula.

Watu wakatazamana. Mbonea alisikia lile neno la kwanza, nyumba isibomolewe, akaondoka akiimba. Namkunda naye alisikia neno hilohilo, akaondoka akiburuta miguu. Lile neno la pili, njia isifungwe, likabaki pale barazani peke yake. Hakuna aliyelichukua.

Nani alilichukua? Semeni.

— Punda!

Nyinyi mnaijua hadithi hii, au mnamjua punda.

Asubuhi ya gulio lililofuata, Namkunda akapakia vyungu kumi na viwili. Vimefungwa vizuri kwa majani makavu ya migomba, sita huku, sita huku. Wakashuka. Walipofika penye njia panda ya jabali, akamvuta Sikusikii kushoto. Sikusikii akasimama. Akambembeleza. Akasimama. Akamtukania wazazi wake. Akasimama. Alilitazama jabali, akakumbuka magoti yake, akageuza kichwa akatembea moja kwa moja kama anavyojua yeye, mpaka kwenye mlango wa Mbonea, na mlango ulikuwa wazi, akaingia.

Namkunda akashika kichwa. Lakini mama yake alimlea vizuri. Hata mtu akimfuata punda wake, haingii nyumba ya watu bila kubisha.

"Hodi," akasema, kutoka nyuma ya mkia.

Mbonea alikuwa anakunywa uji. Alisikia hodi, na mdomo wake ukajibu kabla yeye hajainua macho.

"Karibu."

Na katika nchi ile, neno karibu likishatoka halirudi. Aliyekaribishwa ni mgeni. Mgeni anapewa maji. Mgeni anaulizwa habari za alikotoka na habari za anakokwenda. Mwenye nyumba asiyefanya hivyo, siku yake ya msaragambo, ile kazi ya kijiji kizima kumlimia au kumjengea mtu mmoja, anajikuta na jembe lake na kivuli chake.

Kwa hiyo Nakijwa akaleta maji. Namkunda akanywa. Punda naye akapewa. Wakaulizana habari, nzuri. Za nyumbani, nzuri. Za kazi, njema tu. Muda wote huo Mbonea ameshika kibuyu cha uji hewani, hajui akishushe au akipandishe.

"Unakwenda wapi, dada?" akauliza Nakijwa, kama inavyopasa.

"Gulioni."

"Basi pita huku," akasema Nakijwa, akamfungulia mlango wa uani.

Sikusikii akatoka, na huko nje njia ilikuwa inamngoja palepale ilipokuwa siku zote. Namkunda akavihesabu vyungu. Kumi na viwili. Akasimama nyuma ya nyumba ile, mkono juu ya mgongo wa punda, na lile neno lililobaki barazani likamjia lenyewe. Nyumba isibomolewe. Haijabomolewa. Njia isifungwe. Haijafungwa. Njia ipo, tena sasa ina paa.

Gulioni aliwaambia wanawake wa vyungu. Wanawake wa vyungu wakawaambia wafua chuma. Wafua chuma wakawaambia wachukuzi wa chumvi, tena kwa sauti, maana wafua chuma wote ni viziwi kidogo kwa sababu ya nyundo. Namkunda hakumwagiza mtu afanye jambo lolote baya. Aliwaambia maneno mawili tu: msisahau kubisha hodi, na msipite bila kuuliza habari za wenyeji.

Gulio la pili. Jogoo hajamaliza kuwika, hodi. Karibu. Mchukuzi wa chumvi. Maji. Habari. Pita. Hodi. Karibu. Mfua chuma na majembe tisa. Maji. Habari. Pita, angalia mwamba wa paa. Hodi. Karibu. Wanawake saba, na kila mmoja ana habari zake, na habari za mmoja zilikuwa ndefu, zilihusu mkwe. Hodi. Mbuzi wanne na mwenye mbuzi. Mpaka jua linazama, Nakijwa alikuwa ameteka maji mara sita, na Mbonea alikuwa amesema karibu mpaka neno lenyewe likaanza kumtoka kama kwikwi.

Akasema hapana. Nitafunga.

Gulio la tatu akaufunga mlango wa mbele mchana kweupe.

Ah, nyinyi mmeshaguna. Mnajua. Katika nchi ile nani hufunga mlango wa mbele mchana? Mwenye msiba. Mtu wa kwanza kufika akauona mlango umefungwa, akatua mzigo, akavua kofia. Wa pili akaketi chini. Wa tatu alikuwa mwanamke mwenye sauti, akaweka mikono kichwani, akaanza. Namkunda alipofika na punda alikuta watu arobaini wamekaa chini, wengine wameshaleta kuni na unga, wazee wanachagua mahali pa kuchimba, na mwanamke mwenye sauti anamlilia marehemu Mbonea, jinsi alivyokuwa mwema, jinsi alivyoupenda mgongo wake.

Mbonea ndani akasikiliza, kwa muda akavutiwa na sifa. Ilipofika habari ya mgongo, akafungua.

Wengine walikimbia. Walioshindwa kukimbia wakampa mkono, wakamwambia pole. Na kwa kuwa kuni zilishaletwa, na unga ulishaletwa, ilibidi chakula kipikwe, na kwa kuwa nyumba ilikuwa yake, mboga ilitoka kwake. Kisha wote, mmoja mmoja, wakapita sebuleni wakaenda gulioni.

Gulio la nne akabadilisha. Mlango wa mbele akauacha wazi. Akafunga ule wa uani, akaufungia kwa kamba ya ng'ombe, akaketi akitabasamu. Hodi. Karibu. Maji. Habari. Mgeni akasimama apite, akaukuta mlango umefungwa.

"Leo hapapitiki," akasema Mbonea.

"Hapana neno," akasema mgeni. "Nitangoja pafunguliwe." Akarudi akakaa.

Akaja wa pili, akamkuta wa kwanza amekaa, akakaa. Wa tatu akakaa. Mgeni aliyekaa huwezi kumwambia asimame, hata hapa kwetu huwezi. Namkunda alipoingia alipata nafasi kando ya mtungi. Punda alisimama katikati, kidevu chake juu ya bega la mfua chuma. Saa za chakula zikafika. Watu ishirini na sita, mbuzi, punda, na mkungu wa ndizi alioutunza Mbonea kwa ajili ya wakwe zake. Wakaumaliza. Wakasifu mapishi. Mmoja akauliza kama kuna mahali pa kulala.

Mbonea akakata ile kamba kwa meno.

Sasa likabaki hili, na hili ndilo lililomnyima Namkunda usingizi. Yalibaki magulio mawili. La mwisho aliliwekea vyungu thelathini, tanuri lake la mwisho, chakula chake cha miezi mitatu ya mvua. Na Nakijwa alimnong'oneza wakati anampa maji kwamba Mbonea ameanza kukusanya mawe. Anataka kuziba mlango wa uani kabisa, mawe na udongo, kabla ya gulio la mwisho. Namkunda akapiga hesabu ya jabali. Thelathini vikipita pale, vitafika kumi na viwili, labda.

Akafikiria kumwomba. Akafikiria kumlilia. Mwisho akamwambia Nakijwa neno moja tu: mwambie mumeo afanye kwa heshima, akamwombe jumbe ruhusa kwanza, asije akaonekana amedharau hukumu.

Mbonea akaliona hilo ni wazo zuri. Akalidhani ni la kwake. Akaenda kwa jumbe, akaeleza mateso yake, akamwomba aje aone kwa macho.

Jumbe Kanyika akaja siku ya gulio la tano. Alikuja na fimbo na tumbo. Akabisha hodi, akakaribishwa, akapewa maji na kiti cha miguu mitatu, akaketi sebuleni akitazama watu wakipita. Akaona chumvi. Akaona majembe. Akaona Namkunda na punda. Akasikia habari za vijiji vyote, ambazo barazani kwake humfikia zikiwa zimepoa. Halafu Nakijwa akaleta makande.

Jumbe akala. Akaomba kidogo. Akaomba kidogo tena. Mbonea akamwonyesha rundo la mawe, akamwomba ruhusa.

"Nilisema njia isifungwe," akasema jumbe, kinywa kimejaa. "Ukiziba mlango huu umefunga njia. Mimi neno langu ni moja."

"Jumbe, hii ni nyumba yangu."

"Na nilisema isibomolewe. Nimekupendelea kila upande." Akasogeza bakuli. "Lakini kesi hii ni nzito. Nitakuwa naja kila gulio kuiangalia."

Na akaja. Gulio la sita alikuja mapema, akaja na mkewe, na kaka wa mkewe, wote wanaangalia kesi. Siku ile Namkunda alipita na vyungu thelathini kwa safari tatu, kumi na kumi na kumi. Safari ya kwanza aliwakuta wanaangalia kesi kwa ndizi. Safari ya pili kwa makande. Safari ya tatu walikuwa wamelala. Vyungu thelathini vilifika thelathini, na jioni alirudi na magunia ya mahindi hata Sikusikii akamtazama kwa lawama.

Kesho yake mtu akabisha kwake. Alikuwa Mbonea. Alikuwa amekonda.

"Shemeji," akasema, "nimeshindwa. Waambie watu wazunguke."

"Mimi siwaamrishi watu, shemeji. Wanaifuata njia."

"Basi iambie njia."

Namkunda alitaka kucheka, lakini alimwona mtu aliyesema karibu mara mia nne ndani ya mwezi mmoja, akamhurumia. Akamwambia jambo liko rahisi. Jumbe alisema nyumba isibomolewe. Hakusema isihamishwe. Hatua ishirini kando ya njia pana kiwanja kizuri. Mbonea akasema hana nguvu za kuhamisha nyumba, na sakafu ya kule ni udongo mtupu, na mgongo wake.

"Umewapa maji watu wangapi?" akauliza Namkunda.

Mbonea hakujua. Alikuja kujua siku ya msaragambo wake. Walikuja wachukuzi wa chumvi, walikuja wafua chuma, walikuja wanawake wa vyungu, kila aliyekunywa maji yake, na yule mwenye mbuzi pia, na mwanamke mwenye sauti aliyemlilia. Kila mtu akashika nguzo moja. Paa wakalibeba zima, kama wanambeba bibi harusi, jumbe akitembea mbele akielekeza, bila kushika kitu. Na sakafu mpya? Wakamwaga udongo, wakanyunyiza maji, mwanamke mwenye sauti akaanza wimbo, na watu wote wakaicheza ile sakafu kuanzia adhuhuri mpaka jua likazama. Mbonea akapiga mguu chini. Ti.

Akasimama mbele ya watu wote akaapa. Akasema yeye kosa lake amelijua, halikuwa sakafu, lilikuwa milango miwili. Nyumba hii mpya itakuwa na mmoja. Anayeingia atatokea alikoingilia. Watu wakacheka, wakaenda makwao, na mvua zikaanza.

Mvua zikanyesha miezi mitatu. Zikaisha.

Gulio la kwanza baada ya mvua, Nakijwa aliniambia, samahani, alimwambia Namkunda, kwamba siku hiyo Mbonea aliamka kabla ya jogoo. Akaketi mlangoni. Wachukuzi wa chumvi wakapita kule njiani, hatua ishirini, wakampungia mkono, wakaendelea. Wafua chuma wakapita, wakapiga kelele ya salamu, wakaendelea. Wanawake saba wakapita, na yule wa habari za mkwe alikuwa anasimulia, na Mbonea akanyoosha shingo, na habari zikapita zikaishia kwenye mizambarau kabla hajasikia kama mkwe alirudi au hakurudi. Mtungi wa maji ulikuwa umejaa. Hakuna aliyebisha. Nyumba nzima ikawa kimya, wanasikia mchwa wakila.

Mwisho wa wote akatokea Namkunda na Sikusikii, vyungu kumi na viwili. Njia ilikuwa nyeupe, imeoshwa na mvua, haina nyumba, haina mawe. Namkunda hata kamba hakuishika. Na Sikusikii alipofika pale tambarare, pale ambapo magulio sita alikunywa maji ya Nakijwa, akasimama. Akatazama mbele, hakuna nyumba. Akatazama kando, nyumba ile pale. Ndipo akaacha njia kwa hiari yake, kwa mara ya kwanza tangu azaliwe.

Namkunda akaita. Mnajua jina lake, mnajua alichojibu. Punda akampita Mbonea pale mlangoni kama anaupita mzambarau, akaingia ndani na vyungu vyake, sita huku, sita huku. Namkunda akafumba macho akingoja kusikia ukuta. Nyumba ile ina mlango mmoja, yeye mwenyewe alimsikia mtu akiapa.

Akangoja. Hakusikia chungu. Hakusikia ukuta. Kwa mbali, nyuma ya nyumba, akasikia kwato zinatembea kwenye majani.

Basi mimi mzigo nimeutua.

— Umefika?

Nimefika. Anayetaka kwenda mbele, njia ile pale.

— Na Namkunda je?

Namkunda alifanya alivyofundishwa na mama yake. Akasogea mpaka mlangoni, akasema hodi, na Mbonea, bila kumtazama usoni, akamwambia:

"Karibu, shemeji. Kunywa maji kwanza, halafu unieleze habari za yule mkwe. Mlango wa uani nimeutoboa jana."